Kabla Gari la Taka Halijapita

Nakumbuka asubuhi moja pale Saint-Gilles, hapa Brussels, mwanangu. Nilikuwa msichana, nimetoka Bukavu juzijuzi, karatasi zangu za ukaazi bado hazijakaa sawa. Kazi yangu ilikuwa kumtunza mzee mmoja Myahudi wa Poland. Nilimwita Papa Simoni.

Baba yake alikuwa mtengenezaji wa filamu kule Warsaw, kabla ya vita kuu ya pili. Aliacha duka la vitambaa akaingia kwenye sinema, watu wakamcheka. Filamu moja aliitoa kwa Kipolandi, nyingine kwa Kiyidi, lugha ya Wayahudi wa kwao. Ya mwisho ilikuwa na harusi, na kwa kukosa waigizaji akaita mji mzima wa wakwe zake waje wacheze wenyewe. Mkewe naye, mama yake Simoni, akasimama mlangoni na sinia ya mikate. Simoni akatumwa Brussels na nakala ya filamu hiyo aje awaonyeshe Wayahudi wa hapa. Vita ikamkuta huku. Kule hakubaki mtu, si baba, si mama, si mji.

Hayo niliyajua baadaye. Siku ile mimi niliona jikoni makopo matatu ya bati yenye kutu, yananuka uchachu. Eh, kiherehere changu cha usafi! Mzee alikuwa kwa daktari wa macho. Nikayatia kwenye mfuko, nikauweka nje kando ya barabara pamoja na taka.

Alirudi, akavua koti, akaenda moja kwa moja jikoni. Akauliza makopo yako wapi; ameyatoa stoo kwa kuwa kesho watu wa filamu wanakuja kuinakili filamu ya baba yake iliyomo. Nikasema sijayaona. Mwanangu, dirisha lilikuwa mbele yangu na mfuko nauona. Ni kushuka ngazi tu. Lakini nikawaza: huyu akinifukuza, nani ataniandikia barua ya kazi, na nitarudi wapi? Mzee akawa anafungua kabati moja baada ya jingine, na mimi namsaidia kutafuta. Ndiyo, namsaidia. Nikasikia gari la taka linapinda kona, ulimi bado mzito. Lilipoondoka ndipo nikalia na kusema.

Tulishuka, hapakuwa na kitu. Mzee akakaa kwenye ngazi.

"Sina picha nyingine ya mama yangu," akasema. "Ungeniambia nilipokuwa navua koti."

Kesho yake nikafunga mizigo. Akaniuliza nakwenda wapi. "Kazi uliyoiogopea bado unayo," akasema. Nilimtunza miaka minne, mpaka alipofariki.

Mficha uchi hazai, walisema wazee. Kutupa makopo nilikosa kwa kutojua. Ile nusu saa ya kunyamaza ndiyo sijajisamehe. Sasa wewe, tangu Jumapili huli, simu ya kazini ikilia unaigeuza kifudifudi. Sijui umeharibu nini huko, na sikuulizi. Bon, haya, inuka umpigie mkubwa wako sasa hivi, hata kama hujui utaanzaje. Watu wengi husamehe kosa, mwanangu, lakini wakati haurudishi kitu. Mungu akupe ulimi mwepesi, akukutanishe na moyo kama wa yule mzee, na akujalie uwe umewahi.