Kalemela Si Mwanza Tena

Niliondoka Tunduma baada ya dada yangu Kabula kunipigia simu akilia. Baraza la ardhi la Bariadi lilikuwa limempa jirani shamba la marehemu baba pamoja na nyumba anamoishi dada. Nimehama mji hadi mji tangu nimalize sekondari, lakini popote nilipolala nilijua Kalemela kuna mlango ninaousukuma bila hodi. Nikapanda basi: Mbeya, Dodoma, Singida, Shinyanga, Mwanza. Nilishuka Kalemela miguu imevimba.

"Mwadila, dada," nikamsalimu kwa Kisukuma.

"Mwadila. Umezeeka, mzururaji wewe!" Akanipokea begi. "Wakinitoa hapa, itanibidi kwenda kwa binti yangu aliyeolewa kule Nkoma. Mama mkwe akae kwa mkwewe? Si bora nilale porini?"

Kesho yake tulikwenda Bariadi kuchukua nakala ya hukumu, tukalala Somanda karibu na hospitali. Nilimuuliza rufaa tunaipeleka wapi.

"Mwanza. Wapi kwingine? Sisi watu wa Magu. Baba alishtaki Mwanza akashinda."

Kweli, utotoni mwangu Kalemela ilikuwa wilaya ya Magu, mkoa wa Mwanza. Mkoa wa Simiyu ulizaliwa nikiwa mbali, ukaichukua Kalemela. Tukafungua rufaa Mahakama Kuu ya Mwanza, tukangoja hadi pamba ikavunwa.

Siku ya kusikilizwa, jaji hakugusa habari za shamba.

"Baraza lililoamua liko wapi?"

"Bariadi, mheshimiwa."

"Haliko katika eneo letu. Rufaa za Simiyu zinakwenda Shinyanga." Akaiondoa rufaa yetu.

Dada akaninong'oneza, "Tumeshinda?"

Shinyanga tulifika muda wa rufaa umekwisha kupita. Tukaomba kuongezewa. Jaji wa pale alitusikiliza kwa upole, kisha akasema kutojua mipaka si sababu ya kutosha. Hakuna mahakama hata moja iliyotuuliza baba alilipataje lile shamba.

Mvua za kwanza zilitukuta tukitoa vyombo. Jirani alisimama uani.

"Mabati msiguse. Ni ya nyumba."

"Na makaburi ya wazazi wangu?" dada akamuuliza. "Nayo ni ya nyumba?"



Nkoma tulipokelewa vizuri, na hilo ndilo lililoniuma. Mkwe alipomwona dada anakuja, alikwenda kusimama nyuma ya zizi mpaka apite, kama heshima inavyotaka. Dada naye alipita ameinamisha kichwa, amejibana, mtu aliyekuwa akipiga kelele uani kwake hadi majirani wakacheka.

Siku niliyoondoka alinisindikiza mpaka barabarani. Nilikuwa nimejifunza kwamba kwetu ninakokukumbuka na kwetu kunakotambuliwa na sheria ni sehemu mbili, na sikuwa na nguvu ya kuanza kuzoea hii ya pili. Pikipiki ikaja.

"Dada, niambie basi karibu tena."

Akaangalia nyumba ya mkwewe, akaniangalia mimi.

"Nikukaribishe wapi?"

Nikapanda. Sijarudi.