Kinyumenyume Kutoka Panda

Mwaka niliorudi kuishi kwa mama, mtaa wa Panda, nilikuwa nimeshatengeneza filamu fupi tatu na michoro ya kujaza kabati, na Likasi nzima hakuna aliyeniomba nimwonyeshe hata kimoja. Wenzangu wa shule ya sanaa walibaki Lubumbashi. Mama akiulizwa kazi yangu alijibu, "Anafanya mambo ya picha," kisha anageuza mazungumzo.

Baba alikuwa amefariki na nyumba yetu ya kambi ya wafanyakazi ilikuwa karibu kuuzwa. Nikataka kuipiga filamu ikipungua machoni. Nilijifunga kamera kifuani, nikasimama mbele ya mlango, nikaanza kutembea kinyumenyume kuelekea kiwandani, njia aliyoipita baba kila asubuhi. Nilijiwekea sharti moja: nisigeuke.

Wanafunzi walicheka. Mwanamume wa baiskeli alifanya ishara ya msalaba. Jirani aliyenijua tangu utotoni alinikaribia, akaangalia chini, akanipita. Waliotoka upande wa kiwanda niliwaona migongo tu. Kisha mguu ukazama kwenye mtaro, nikaanguka.

Mama mmoja mwenye beseni la samaki wakavu kichwani alisimama mbele yangu.

"Weye, mutoto, uko mugonjwa?"

"Hapana, mama. Niko nafanya filme."

"Filme ya nini?"

"Ya nyumba yetu. Tutaiacha."

Akageuka kuitazama ile nyumba, akanirudia. "Na nani iko anakuangalia mugongo?"

"Hakuna muntu."

"Basi simama, twende."

Akatembea akinielekea, macho yake nyuma ya bega langu. "Kushoto kidogo. Doucement, polepole. Jiwe." Katikati ya maonyo akanisimulia habari za mume wake, anayefanya kazi mgodini Kakanda na kurudi mara moja kwa mwezi, na za jino lililomsumbua. "Sasa nalala katikati ya kitanda," akasema. Nami nikamwambia jambo ambalo mama yangu hakulijua: kwamba nikila peke yangu huwa naongea na kamera, nisikie sauti.

Hakucheka. "Jiwe lingine," akasema.

Kwenye njia panda akanipita. "Miye napindukia hapa. Bakia muzuri, mutoto."

Nikashika sharti langu. Sikugeuka hata kumuaga kwa macho.

Filamu niliionyesha kwenye ukumbi wa parokia, juu ya shuka lililotundikwa ukutani. Walikuja watu wachache, wengi wao wanakwaya waliokuwa wakingoja mazoezi. Sauti ya yule mama ilipoanza walicheka, halafu wakasogeza viti mbele.

"Huyu mama ni nani?" mama akaninong'oneza.

"Sijui. Sikumuuliza jina."

"Mulitembea njia yote ile, na hukumuuliza?"

Nilikwenda sokoni kumtafuta kwa wauza samaki. Mmoja alisema huenda amemfuata mumewe Kakanda. Mwingine akasema wanawake wa namna hiyo ni wengi. Nilirudi mara mbili, kisha nikaacha.

Nyumba iliuzwa mvua zilipoanza. Sasa mimi na mama tunakaa chumba kimoja cha kupanga, na jioni hatuna mengi ya kuambiana. Jumapili moja, tumetoka misa, akaniomba nimwekee tena ile filamu. Nikafungua kompyuta mezani na kumsogezea kiti. Hakutazama picha. Alifumba macho, akatusikiliza mimi na yule mama.