Uso Usiooshwa

Watu wa Lindi, mtaa wetu hapa Kibera, wananichukia kwa sababu ya kamera, na siwalaumu. Nikipita na begi langu mgongoni, wamama wanaopanga foleni kwenye mfereji wa maji huanza. "Kamera imekuja! Kila mtu akae maskini!" Wanacheka, lakini hakuna anayesogeza mtungi nipite.

Niliingia kazi hii kwa kuwatembeza wageni. Wazazi wetu walipofariki niliacha shule nikiwa darasa la saba, nikabaki na wadogo zangu watatu katika chumba kimoja cha kupanga. Nilifua nguo za watu. Baadaye wageni wa filamu wakaanza kuja Kibera, nami nikawa wa kuwaonyesha njia, kuwabebea vifaa na kuwaombea ruhusa kwa wenye nyumba. Kupiga picha nilijifunza kwa kuwatazama. Leo natengeneza filamu zangu mwenyewe, za watu wa kweli na maisha ya kweli. Hivyo ndivyo ninavyowaambia watu.

Mwaka jana nilianza filamu kuhusu chumba kile na sisi wanne. Mgeni mmoja wa zamani alikuwa ameniachia nakala ya picha alizochukua siku hizo. Ndani yake kitinda mimba wetu, miaka sita, ameketi mlangoni, makamasi yamekaukia juu ya mdomo, anaitazama kamera bila kupepesa. Niliiweka mwanzoni kabisa. Juu yake nikaweka sauti yangu: "Hivi ndivyo walivyotukuta."

Mdogo wangu huyo sasa ni fundi wa sofa kule Kawangware, kwenye kituo cha 46. Ana mke, na kanisani kwao ndiye anayefundisha watoto. Nilimwita aitazame filamu kabla sijaimaliza. Alikuja Jumamosi mchana, akakaa karibu na mlango, hakuvua koti. Picha ile ilipotokea alisimama.

"Rudisha."

Nikarudisha.

"Ati ndivyo walivyotukuta? Sista, si ni wewe uliniambia nisioshe uso?"

Ilikuwa kweli. Wageni walipenda watoto wachafu, na watoto waliokuwa karibu walikuwa wangu. Asubuhi ile nilimnyang'anya beseni. Nilimvua sweta nzuri aliyokuwa nayo, nikaificha chini ya kitanda. Nilidhani najua kazi.

"Tulikula siku hiyo," nikamwambia.

"Sijakuuliza kama tulikula."

"Niliacha shule kwa sababu yenu."

"Hiyo umeisema, nimesikia. Mara tatu. Ya beseni iko wapi?"

Nikamwambia yeye hajui filamu, kwamba bila picha ile hakuna atakayetazama hadi mwisho. Akacheka kicheko kibaya.

"Wewe kwanza uliniuza mimi. Hao wengine wa Lindi walifuata tu. Toa uso wangu."

"Sitoi."

"Basi siku ya kuionyesha nitakuja. Nitasimama mbele ya watu niseme mwenyewe."

Akatoka, akaacha mlango wazi.

Siku tatu nilimkasirikia. Niliwaza jinsi nilivyombeba mgongoni akiwa na malaria, nikaona hana shukrani hata kidogo. Siku ya nne nikafuta maneno yangu ya mwanzo na kurekodi mengine: "Asubuhi hiyo nilimkataza mdogo wangu kuosha uso, kwa sababu wageni walikuwa wanakuja." Picha sikuigusa. Nilidhani ukweli utamtosha. Nikamtumia.

Alijibu kwa ujumbe mmoja: "Sauti ni yako, weka. Uso ni wangu, toa."

Nikautoa. Sasa filamu inaanza na weusi mtupu, sauti yangu peke yake ikisema nilichofanya. Mwenye ukumbi aliyekubali kuionyesha amelalamika kuwa watazamaji watadhani mtambo umeharibika. Nimemwambia itabaki hivyo, na kama hataki atafute filamu nyingine.

Mdogo wangu bado hapokei simu zangu. Hupokea mke wake, na kila mara huniambia yuko kazini, hata Jumapili.