Mtoto wa Popo wa Mkunazini

Sikwenda Makunduchi kutembea. Nilikwenda kwa sababu ya kiumbe asiyezidi kidole gumba changu, niliyemtia mashakani mimi mwenyewe. Popo walikuwa wamehamia ghorofa ya juu ya nyumba yetu ya Mkunazini, baina ya boriti na mabati, na Mama hakumaliza siku bila ya kulalamikia harufu. Ijumaa jioni nikawasha makumbi ya nazi ndani ya karai, nikalifukiza paa mpaka machozi yakanitoka. Popo wakatoka mbio. Nikajiona hodari.

Jumamosi asubuhi nilipanda na ufagio kutafuta mayai yao niyatupe. Ndiyo, mayai, mtu mzima, nimesoma, lakini kichwani mwangu kila chenye mbawa na manyoya kilikuwa ndege. Sikuona yai hata moja. Nilimwona yeye, mtoto wa popo, sakafuni, hana unyoya, macho yamefumba. Nilipomwokota kwa kitambaa akaanza kukinyonya kile kitambaa. Niliona haya mbele ya mnyama.

Saa mbili nilikuwa natafuta wa kuniokoa. Mimi ni mshoni, nina duka Mlandege, na mwaka jana Bi Mwajuma wa Makunduchi aliniagiza vifuko vya pamba vyenye kamba mdomoni. Vya kuwatia popo wakati wa kuwapima uzito, alisema, nami nilicheka mpaka nikajichoma kidole kwa sindano. Sasa nilimpigia simu mara tano, hapatikani. Nikamtia mtoto katika kifuko kimoja kilichobaki dukani, nikamwomba shemeji yangu Khamis anipakie kwenye vespa yake.

"Shemeji, safari yote hii kwa popo?"

"Wewe endesha."

Tulipita Tunguu, tukapita msitu wa Jozani. Kifuko nilikiweka kifuani ndani ya buibui apate joto. Kitogani tulisimama kutia mafuta na sikumsikia akitikisika. Nikakibonyeza kidogo kwa kidole, akajikunyata. Khamis, aliyekuwa akinicheka tangu mjini, baada ya hapo akawa anapita kila tuta polepole. Namshukuru mpaka leo.

Saa nne tulifika Makunduchi, na jirani yake Bi Mwajuma akatuelekeza kwenye pango la popo. Bi Mwajuma alikuwa amekaa nje na daftari lake. Kazi yake ni kuwatazama popo wa pale na kuwaonyesha wanafunzi.

"Shikamoo, Bi Mwajuma."

"Marahaba, mwanangu. Vifuko vipya hivyo?"

Nilimfungulia. Akavaa glavu kwanza, akaniuliza kama nimemshika kwa mkono mtupu, maana popo akikung'ata ni kukimbilia hospitali. Akachovya brashi ndogo katika maziwa ya mbuzi, akamdondoshea mtoto mdomoni.

"Maziwa haya ni ya kumvutia muda tu. Nani kamwangusha?"

Nikamweleza habari ya makumbi. Hakunigombeza, angenigombeza ningepata nafuu.

"Mama yake huzaa mmoja kwa mwaka," alisema, "akabahatika sana, wawili."

Nikamwomba tumwache pangoni na wenzake. Akaniambia nivue viatu. Watu wa kule hawaingii pangoni bila kubisha hodi, kwa heshima ya mizimu, basi na mimi nilisimama mlangoni nikasema hodi kwa sauti ya chini, tukangoja kidogo, tukaingia.

Juu walining'inia popo wa matunda, wakubwa, nyuso kama za mbwa. Pembeni wadogo wenye pua za kukunjana, wanaokula wadudu. Hao hupiga sauti tusizozisikia, na mwangwi ukiwarudia wanajua mdudu yuko wapi. Karibu kila jike alikuwa na mtoto kifuani. Bi Mwajuma akaunyoosha ubawa wa yule wetu. Ulikuwa mkono! Kidole gumba na vidole vinne virefu, ngozi nyembamba katikati.

"Kila mama hapa anamjua wake kwa sauti na harufu," alininong'oneza. "Huyu hapa hana mtu. Hata aina yake si hii. Kama mama yake yu hai, yuko Mkunazini. Mrudishe kabla ya magharibi, mtundike juu kwenye kitambaa kikavu, kisha ondokeni."

"Na moshi ule? Atarudi?"

"Sijui, mwanangu."

Alasiri tuliingia mjini. Mama alikuwa ngazini. Nilimfunulia kifuko, akatazama kile kimdomo kinachotafuta. Kisha akaleta gunia safi la mchele, akalitundika mwenyewe kwenye boriti.

Magharibi ilipoingia tulikuwa nyuma ya mlango uliofunguliwa kidogo. Mtoto aling'ang'ania gunia, akifungua mdomo bila sauti tuliyoisikia. Popo hakuna. Mama akasema, "Twende tukasali, nnaogopa kutazama." Hapo akaingia mmoja kwa upenyo wa mabati. Akazunguka chumba mara mbili, akatua kwenye gunia, akamnusa. Mtoto akajisukuma chini ya ubawa, akashika titi.

Mama alilia, nami nikalia. Nilijifunza mengi Makunduchi juu ya vidole na mwangwi na maziwa, na ninamshukuru Bi Mwajuma kwa yote. Lakini shukrani yangu kubwa ni kwa yule jike. Paa lilikuwa bado linanuka moshi wangu, naye aliingia.