Kanga Yangu Juu ya Mnara wa Moto

Siku ile tulikuwa watano, sita ukimhesabu mbwa. Mimi mwenyewe. Mwanangu wa kwanza, aliyejenga Masuguru, Korogwe mjini. Binti yake, yaani mjukuu wangu, aliyekuja likizo. Shemeji yangu, mdogo wake marehemu mume wangu, asili yao Bungu, milimani Usambara, ambaye alibaki chini shambani. Na kijana mlinzi wa mnara, ambaye si ndugu yetu, ila siku ile alikula chakula chetu. Majina yao ninayo yote, hata la mbwa, lakini siyaandiki, maana wengine hawapendi.

Nyuma ya shamba letu kuna kimlima, upande ule Korogwe inakoishia na Handeni inakoanzia. Kina msitu wa serikali, na juu kabisa upo mnara wa chuma. Wakati wa kiangazi mlinzi hukaa humo kuangalia moshi. Akiuona, anaita kwa redio ya upepo watu wapande kuzima moto. Nimelima chini ya mnara ule tangu nilipoolewa mpaka leo nina vitukuu, na sikuwahi kuupanda. Nani mwenye shamba ana nafasi ya kupanda kitu akakitazama tu na kushuka?

Sababu ya kuupanda siku ile ilikuwa mwanangu. Alikuja akasema, "Mama, miguu imekwisha. Huwezi kukaa huku peke yako. Chumba chako Masuguru kiko tayari. Kitanda kipo, godoro jipya lipo, bado limo kwenye nailoni."

"Mimi na miguu yangu tunaelewana."

"Na pale kisimani ulipoanguka?"

"Niliteleza. Mbuzi naye huteleza, mbona hahamishwi mjini?"

Hakucheka. Nikajua ameshaamua, na akija tena atakuja na gari la kubebea vyombo. Ndipo nikaunyooshea mnara mkono. "Nikifika kule juu bila kushikwa na mtu, utaniacha kwangu?"

Akautazama, akanitazama. "Ukifika, nakuacha. Ukishikwa hata mara moja, tunafunga mizigo."

Shemeji alikuwa pale anakula muhogo wangu. Akasema, "Mzigua wa nyika, mlima utaujulia wapi? Milima ni yetu sisi Wasambaa. Nikiiona kanga yako juu ya mnara, nachoma godoro langu."

Mtu wa mbali ataona ni mzaha tu. Kwetu shemeji ni mtani wako, na neno la utani ukilitoa mbele ya watu hulirudishi mdomoni. Godoro lenyewe lilikuwa la sufi, amelilalia tangu ujana.

"Tafuta kiberiti," nikamwambia.

Tukaondoka baada ya sala ya alfajiri, tukamwacha shemeji uani kwangu na godoro lake. Mjukuu alinivalisha suruali yake ya michezo chini ya gauni, nikafunga kibwebwe kwa kanga yangu nyekundu, nikashika fimbo ya mkole. Nilipanda kama ninavyolima, macho kwenye jembe, siyo kwenye mwisho wa shamba. Mwanangu alikuja nyuma na viatu vyake vya mjini, anahema, mkono ameutanguliza.

"Ondoa mkono huo, utanipotezea nyumba."

Katikati ya msitu njia inapita juu ya jiwe kubwa, linateleza. Hapo fimbo ikateleza, mguu nao ukakosa pa kukanyaga. Nikaona kabisa kile chumba cha Masuguru, na mimi nimekaa kitandani nangoja kuletewa chai. Mwanangu akasema kwa sauti ya chini, "Mama, turudi. Hakuna atakayekucheka."

Nikaligeuzia jiwe mgongo, nikalikalia, nikalipanda kwa makalio kinyumenyume, kidogo kidogo, kama mtoto mdogo apandavyo ngazi.

"Hiyo siyo miguu, mama."

"Yameungana na miguu. Endelea kupanda."

Pale mnarani ngazi imesimama wima. Mwanangu akataka aje nyuma yangu, nikiteleza anidake. Nikamwuliza, "Tangu lini mtoto wa kiume akapanda ngazi chini ya mama yake?" Akaona haya. Ikabidi atangulie, uso ameuelekeza juu, na aliyetangulia hawezi kumshika mtu. Nyuma yangu akaja mjukuu.

"Bibi, usiniangukie."

"Nikikuangukia utaolewa ukiwa chapati."

Nilishika chuma kimoja, nikashika kingine, mpaka mlinzi akasogea kunipisha. "Shikamoo, bibi." "Marahaba, mwanangu. Nimekuja kuona kwetu."

Na nilikuona. Huku milima ya Usambara, bluu juu ya bluu, huku nyika ya Handeni nilikozaliwa, pana haina ukingo. Chini yangu bati la nyumba yangu, dogo kama kifuniko cha sufuria. Nikaifungua kanga kiunoni nikaipeperusha kwa mikono miwili. Shemeji haoni sindano aliyoishika, lakini cha mbali hakimpiti.

Tulikuwa bado tunakula viazi tulivyobeba, ukapanda moshi mweusi, mzito, uani kwangu. Mlinzi akarukia redio. "Moshi, moshi, upande wa mashamba."

"Mwanangu, subiri," nikamwambia mlinzi. "Hilo ni godoro la shemeji yangu."

Akaniangalia. Mjukuu ndiye aliyemweleza, kwa kicheko. Yule kijana akaishika redio tena akasema, na kila mwenye redio msitu mzima akasikia: "Hakuna moto. Ni bibi amefika juu."

Mwanangu akageukia Usambara. Halafu akasema, "Basi, mama. Ukae kwako."

Nilishuka kwa miguu, na jiwe lile kwa makalio.

Lile godoro la Masuguru lililetwa siku chache baadaye, na nailoni yake, akapewa shemeji. Akalilalia, akalisifu, kisha akaniambia, "Shemeji, panda tena. Kitanda nacho kimechoka."

Hivi ndivyo ninavyokumbuka. Kisomo changu ni cha watu wazima na kichwa ni cha zamani. Kama ulikuwepo, au ulisikia redioni siku ile, na kuna mahali nimekosea, pita nyumbani uniambie nipasahihishe. Mimi nipo, sikuhama.