Kalkuleta Iliyoombewa

Ukiuliza Kawangware miaka ile Kageha ni nani, ungeambiwa ni yule mama wa Kimaragoli anayetembea kama mtu aliyeacha sufuria motoni. Hakujua kutembea polepole. Alikuja Nairobi na mumewe, wakapanga chumba Kibera, karibu na mtaa wa Ayany, na mume alipoanguka kwenye jengo alilokuwa akilijenga na kufa, Kageha alilia, akazika, akarudi mjini na binti mdogo mgongoni. Akahamia Kawangware ili aweze kwenda kwa miguu hadi Lavington, alikopata kazi ya nyumba. Wengine wangerudi kijijini. Yeye alisema kijijini hakuna aliyemwita.

Binti huyo ni Mourine. Mwaka wa tisini na sita alikuwa kidato cha nne, mrefu kumshinda mama yake, mwenye maneno machache na kicheko cha puani. Alisoma shule ya kutwa upande wa Ayany, kwa hiyo kila asubuhi alivuka Ngong Road kurudi kule kule walikohama. Alikuwa na jambo moja tu moyoni: awe mpima damu hospitalini. Aliwahi kupelekwa zahanati akiugua malaria, na yule dada wa maabara akamruhusu achungulie kwenye darubini, aone damu yake mwenyewe. Tangu siku hiyo hakutaka kusikia habari za kazi nyingine. Chuo cha kazi hiyo kilidai mtu apite hesabu na fizikia.

Na hapo ndipo palipokuwa na shida. Mourine alijua hesabu, lakini ukimpa karatasi ya miraba mkono unaganda. Grafu zilimshinda kabisa. Atakokotoa vizuri, atapata nambari zote, kisha aanze kuweka nukta na mstari utoke umekunjika mahali ulipotakiwa kupinda taratibu. Na swali la grafu halikosi kwenye mtihani wa taifa, si hesabu, si fizikia. Kageha, ambaye aliachia shule darasa la tano, alizijua zile karatasi za miraba kwa sababu aliziokota chini ya kitanda zimefinyangwa, nyingine zimeloa machozi. Hakuuliza. Alizinyoosha, akawashia jiko.

Huko Lavington aliwafanyia kazi wageni wa shirika fulani, watu wazuri tu, waliokula chakula kisicho na chumvi. Walikuwa na kijana, Billy, wa rika la Mourine. Siku moja Kageha alikuwa akipangusa meza ya sebuleni, Billy akiwa na kalkuleta kubwa nyeusi yenye kioo kipana. Kijana akabonyeza herufi na nambari, na kwenye kioo ukatokea mstari, ukashuka, ukapinda kama bakuli, ukapanda tena. Kageha akasimama na kitambaa mkononi.

"Hiyo ni nini, Billy?"

"Hii inachora grafu, Kageha. Wewe unaandika hesabu, yeye anachora."

"Yenyewe?"

"Yenyewe."

Kageha alirudi jikoni, lakini siku hiyo aliunguza mchele, jambo ambalo halikuwahi kutokea.

Mwezi wa tano wageni wakamaliza mkataba wao, wakaanza kufunga masanduku. Wafanyakazi wa Lavington wote wanajua desturi hiyo: wageni wakihama, kila mtu huitwa achague kitu. Watu huanza kukitamani chao mapema, hata kukiombea. Kageha alikuwa na chake. Ndani ya stoo palikuwa na cherehani ya miguu, nzima, iliyofunikwa shuka, na kwa miaka mingi aliifuta vumbi huku akijiona ameketi kibarazani kwake Kawangware, akishona sare za shule, bila kumwita mtu yeyote madam. Kila mtu kwenye nyumba ile alijua cherehani ni ya Kageha.

Mama Billy alipomwita na kumwambia achague, Kageha aliutazama mlango wa stoo. Kisha akasema anataka kile cha Billy cha kuchora grafu.

Mama Billy alidhani hakusikia vizuri. Billy mwenyewe alicheka, akaenda kuileta, akamwonyesha namna ya kubadilisha betri. Cherehani ikachukuliwa na mtu wa bustani. Obiero, askari wa geti, nusura aanguke kutoka kwenye stuli yake.

"Mama Mourine, kwani umerogwa? Unawachia mtu wa maua cherehani mzima, alafu unabeba kitu ya kuhesabu? Utahesabu nini wewe?"

"Nitahesabu siku zenye utafunga hiyo mdomo yako," Kageha akamjibu, akapita na mfuko wake kifuani.

Jamani, mngemwona Mourine siku ile. Aliishika ile kalkuleta kwa mikono miwili, hakuthubutu hata kuiwasha. Na ilipowaka, chumba chao kikapata mtu wa tatu. Mourine aliandika hesabu yake, akachora grafu kwa mkono kwanza, kisha akaiambia mashine ichore, akalinganisha. Akikosea aliona papo hapo alipokosea, na hakuna aliyemcheka. Alibadilisha nambari moja kuona mstari utahamia wapi. Aliingiza hata hesabu za fizikia, za gari linaloongeza mwendo na springi inayovutwa. Kufikia mwezi wa nane mkono wake ulikuwa umezoea, ukipinda bila kutetemeka. Karatasi za kuwashia jiko zikaadimika, ikabidi Kageha atafute magazeti.

Mwalimu Kaloki, aliyemfundisha hesabu, alifurahi kupita kiasi. Aliiazima ile kalkuleta akawaonyesha darasa zima, wakisongamana dirishani kuona kioo. Lakini alipoirudisha alisema wazi, wote wakisikia.

"Sasa hii ni ya kujifunza peke yake. Exam room haiingii. Iko na memory, na kitu iko na memory ni kama umebeba kitabu. Mourine, nitakupatia ile yangu ya kawaida siku ya paper. Umeskia?"

"Nimeskia, Mwalimu."

Mourine alisikia. Ila nyumbani hakusema. Jioni hiyo mama yake, ambaye sasa alikuwa akifua nguo za watu nyumba hadi nyumba kwa vile kazi ya kudumu haikupatikana, alikuwa amekaa akijikanda vidole vilivyochubuka na sabuni.

"Hiyo mashine ndiyo itakupitisha," Kageha akasema. "Uniambie kama nilikosea kuchagua."

Mtoto gani angeuvunja moyo huo? Mourine alicheka kile kicheko chake cha puani, akasema, "Hukukosea, Mama." Akaona hakuna haja ya kumweleza mambo ya sheria za mtihani. Mama hangekuwa ndani ya chumba cha mtihani, kwa hiyo hangejua iliyotumika ni ipi. Alinyamaza kwa mapenzi tu.

Jumapili ya mwisho kabla ya mtihani, makanisa ya Kawangware huwaombea watahiniwa. Si wao peke yao, na vifaa vyao pia. Kalamu, rula na seti za jometri hupangwa kwenye meza ya mbele, mchungaji anapita na chupa ya mafuta, na wazazi wanasimama nyuma wakitokwa jasho kwa maombi. Mourine hakuwepo. Mwalimu Kaloki alikuwa amewaita wote shuleni kwa marudio. Basi Kageha akambebea vitu vyake kwenye kikoba cha kitambaa alichokishona kwa mkono, na juu kabisa akaweka ile kalkuleta, maana aliyoijua yeye ni hiyo tu.

Mchungaji Mukhwana alipoifikia aliinyanyua juu watu waione. Hakuwa ameona kalkuleta kubwa namna ile.

"Hii," akasema kwa sauti iliyotikisa mabati yote ya paa, "hii haitashindwa!"

"Amina!" kanisa likaitikia, na sauti ya Kageha ilikuwa juu ya zote. Tone la mafuta likatua kwenye kitufe cha kuwashia. Alikataa kulipangusa.

Asubuhi ya karatasi ya hesabu Mourine alitoka kwenda kunawa kwenye bomba la ploti, la wapangaji wote. Kageha akafungua kikoba kuhakikisha. Kalamu zipo, rula ipo, seti ya jometri kwenye mkebe wake ipo. Kalkuleta haipo. Akaiona juu ya rafu, imefungwa kwenye leso.

Haraka za mtoto huyu, Kageha akawaza, angesahau hata kichwa chake. Akaiteremsha, akaiweka chini kabisa ya kikoba, chini ya mkebe, akafunga zipu. Hakumwambia, kwa sababu hakutaka kumtia wasiwasi asubuhi kama ile kwa kumwonyesha alivyokuwa amesahau kitu cha maana hivyo. Mourine akaja, akachukua kikoba, akaombewa mlangoni, akaenda. Kageha alimtazama hadi alipopotea kwenye kona ya kinyozi. Moyo wake ulikuwa mweupe, na mimi siwezi kumwonyeshea kidole hata leo.

Yaliyotokea ndani ya chumba kile Mourine aliyasimulia mara moja tu. Alikuwa na kalkuleta ya Mwalimu Kaloki mezani. Kazi ilikuwa inakwenda vizuri, hata akashangaa. Alipolifikia swali la grafu alitabasamu, akaanza kulifanya. Akaingiza mkono kwenye kikoba kutafuta rula, na vidole vikagusa kile kioo kipana. Aliijua kabla hajaiona.

Angenyoosha mkono aseme? Nani angemwamini kwamba si yeye aliyeiweka hapo? Angeiacha na kuendelea? Huenda. Lakini hofu haimpi mtu nafasi ya kuchagua. Aliisukuma chini, harakaharaka, kama anayeficha, na msimamizi aliyekuwa amesimama nyuma yake akamwona. Wakaiwasha mbele ya kila mtu. Ndani mlikuwa na grafu zote alizojifunzia na kanuni za fizikia alizokuwa ameziandika kwa mazoezi. Penseli yake ilikuwa imeshaweka nukta zote za swali lile. Kilichobaki kilikuwa kuziunganisha tu, na hakuruhusiwa.

Kageha alikuwa amenunua nyama siku hiyo. Alikuwa anaikaanga Mourine alipoingia, mapema mno, akaketi kitandani na viatu.

"Mbona umerudi saa hii? Paper imeisha?"

"Kalkuleta ya Billy ilikuwa kwa bag, Mama."

"Ndiyo. Ulikuwa umeisahau, nikakuwekea." Kisha akauona uso wa mtoto. "Mourine. Kwani ni nini?"

Mourine akamweleza. Hakupaza sauti hata mara moja, na hilo ndilo lililomuua Kageha, kwa sababu alikaa akingoja apigiwe kelele. Nyama ikaungua. Hakuna aliyeinuka kuiepua.

"Uliwaambia ni mimi niliweka?"

"Niliwaambia ni mimi."

"Kwa nini, mtoto wangu? Si ungesema ni mamako mjinga!"

"Wanashika watu wenye wanasaidia watoto kuiba exam. Wangekuja kukuchukua," Mourine akasema. "Na sina mtu mwingine."

Kesho yake Kageha alikwenda Ayany kwa miguu yake ya haraka, akaingia ofisini kwa mwalimu mkuu bila kubisha. Alisema yote, cherehani na mafuta na leso na mkebe. Aliomba wamshike yeye. Alipiga magoti kwenye simiti, mwanamke ambaye hakumpigia magoti hata mwenye nyumba. Mwalimu Kaloki alisimama pembeni, macho yamejaa machozi, akasema anamwamini. Lakini Kaloki hakuwa mwenye uamuzi. Mwalimu mkuu hakuwa mtu mbaya pia. Alikuwa amechoka.

"Inuka, Mama Mourine," akamwambia taratibu. "Kila mzazi hukuja hapa akisema ni yeye."

Kageha aliinuka. Ukweli wake ulikuwa umefanana na uongo wa watu wote waliomtangulia, na hakuwa na mwingine wa kuongeza. Matokeo yalipotoka, ya Mourine yalikuwa yamefutwa yote, hata ya masomo ambayo hayakuhusiana na hesabu. Shule ikakataa kumrudisha arudie mwaka, ikiogopa kutiliwa shaka, na shule nyingine kila moja ilitaka kujua alikotoka na kwa nini.

Kageha aliomba msamaha hadi Mourine akamkataza. Akimwomba, binti anajibu, "Ilishaisha, Mama," na kuendelea kuosha vyombo. Angalau angemtukana! Kageha alitamani matusi kama mgonjwa anavyotamani maji. Mourine hakumpa. Aliendelea kumwita Mama vilevile, akimwekea chakula kwanza, akimkanda vidole jioni.

Mwaka uliofuata, baada ya mvua za masika, habari zikaja kwamba nyumba moja ya Lavington inatafuta msichana wa kazi. Mourine akasema ataenda. Kageha akamfundisha usiku na mchana: kola inapigwa pasi kutoka nje kuja ndani, glasi haziwekwi pamoja na vijiko, mwenye nyumba akiongea na simu unatoka. Mourine alishika yote kwa haraka. Alikuwa mwanafunzi mzuri, alikuwa hivyo siku zote.

Wakasimama pamoja kwenye geti jipya, mama kavaa kitambaa chake cha kanisani. Mwenye nyumba, mama mmoja mchangamfu, akamtazama msichana toka juu hadi chini, akapenda alichokiona.

"Huyu ni wako? Ni msafi. Amesoma?"

Kageha akafungua mdomo. Alitaka kusema huyu anajua mstari utahamia wapi ukibadilisha nambari moja. Alitaka kusema alikuwa amebakisha kuunganisha nukta. Kabla hajaanza, Mourine akajibu mwenyewe, kwa upole, macho yakiangalia chini kama alivyofundishwa.

"Kidogo tu, madam."

Mwenye nyumba akasema hiyo inatosha, kazi si ngumu, akawafungulia mlango wa jikoni.