Vijiti Viwili na Nukta

Kabla ya kuugua, baba hakuwahi kukanyaga banda la gemu la kaka yangu pale Msamvu. Alikuwa mkulima wa milimani Uluguru, na kaka alipoacha shamba la ndizi akaja mjini kuchezesha watu gemu, baba alisema, "Huyo sasa anakula kwa watoto wanaotoroka shule." Wakakaa miaka bila kuzungumza. Hata salamu zao zilipitia kwangu.

Kisha baba akapatwa na kiharusi. Tulimshusha kwa machela hadi barabarani, na alipotoka hospitali mkono wake wa kulia ulikuwa umelala. Mimi nilikuwa nimepanga chumba kimoja cha ghorofani, na ngazi asingeziweza. Kaka, aliyeishi nyuma ya banda lake, akasema, "Atakaa kwangu." Baba hakukubali wala hakukataa; ulimi ulikuwa bado mzito.

Mtaalamu wa mazoezi ya viungo alitupa mpira laini awe anauminya. Baba akautupa chini. Mkono ukazidi kujikunja.

Asubuhi moja, kabla wateja hawajaja, kaka alimketisha bandani mbele ya runinga. Hakuwasha soka la siku hizi, ambamo mchezaji anaonekana mpaka mishipa ya shingo. Aliwasha mashine kuukuu aliyoikuta kwa muuza vyuma chakavu: tenisi ya zama za mwanzo kabisa, bibi wa gemu zote za michezo zilizofuata. Skrini nyeusi, vijiti viwili, nukta moja nyeupe. Akamwekea kwenye kiganja cha kulia kitufe cha kuzungusha, mfano wa kile cha redio.

"Kijiti hicho ni wewe, Baba. Usiache nukta ipite."

Ikapita. Ikapita tena. Baba akautazama mkono wake kama anayemtazama mgeni. Kisha vidole vikasogea, kijiti kikapanda, nukta ikarudi. Kaka alikuwa ameinamisha uso, anajifuta macho, hakuiona ikipita upande wake.

"Umefungwa," baba akasema.

Lilikuwa neno lake la kwanza kwa kaka baada ya miaka yote ile.

Walicheza kila asubuhi, hadi baba akaweza kushika kikombe mwenyewe. Akarudi milimani, akaishi misimu kadhaa ya mvua. Siku ya maziko, kaka alishuka kaburini kumpokea. Watu walipoanza kuteremka mlima, alikuwa ameketi kando ya udongo wa kaburi.

"Tangulieni," akaniambia. "Mimi nitakaa naye kidogo."